“Organization” au “organisation”? Rasimu imerudi nyekundu tupu kwa ajili ya herufi moja

binti_wa_Mbozi (mwanzisha mada)

Habarini za jioni wanajukwaa. Naombeni mnisaidie, nina wiki mbili tu. Mimi nasoma masters, tasnifu yangu inahusu wakulima wadogo wa mahindi na matumizi ya mbolea, data nimekusanya mwenyewe kijiji kwa kijiji, nimechambua, sura zote tano zimekamilika, yani nilikuwa najua nimebakiza kuchapisha na kubandika jalada. Juzi rasimu imerudi kutoka kwa msimamizi wangu, nafungua faili nakuta wino mwekundu kila ukurasa, moyo ukapiga paa, nikajua data zangu zimekataliwa. Kumbe hapana. Amezungushia z. Kila “organization”, kila “fertilizer”, “utilization”, “analyzed”, “labor”, “program”, mpaka kwenye orodha ya marejeo huko mwisho amezungushia, na juu ya ukurasa wa kwanza kaandika niondoe Kimarekani chote nimpelekee upya kwa Kiingereza cha Uingereza.

Sasa mimi Kimarekani sijawahi kukikusudia. Laptopu nilinunua mkononi mwa mtu, Word yake imewekwa Kiingereza cha Marekani, nikiandika “labour” inapiga mstari mwekundu chini, na mimi nikiona mstari natoa hiyo u ili mstari upotee. Miaka miwili nimekuwa nafanya hivo bila kuwaza.

Ila kinachonichanganya zaidi ni hiki. FAO wenyewe wanajiandika “Food and Agriculture Organization”, na z. Shirika la chakula duniani wao ni “World Food Programme”, na ile -me ya mwisho ambayo naambiwa ni ya Kiingereza. Wote ni Umoja wa Mataifa! Halafu mamlaka yetu ya mbolea hapa nyumbani ni “Tanzania Fertilizer Regulatory Authority”, na z tena. Hao wote wamekosea? Nani anaamua hizi herufi? Na je nikibadilisha nibadilishe mpaka majina ya mashirika?

---

Kalamu_ya_Risasi

Pole sana dada, na hongera kwa kufika sura ya tano. Mimi kazi yangu ya kila siku ni kuhariri ripoti na vitabu hapa Dar, na hiyo z imeshanitoa jasho na wateja wengi, kwa hiyo niandike kwa urefu kidogo.

Jambo la kwanza nataka ulijue kabla hujagusa hata herufi moja: “organization” kwa z SIO Kimarekani. Wamarekani wanaitumia, ndio, lakini Waingereza nao wanayo, na ipo kwao tangu zamani kuliko Marekani yenyewe. Kamusi kubwa ya Oxford, ile iliyoanza kutoka vipande vipande mwaka 1884, iliamua kuandika -ize, na wachapishaji wa Oxford wanaandika hivo mpaka leo. Sababu yao ni asili ya hicho kiambishi. Kimetoka Kigiriki, ambako kilikuwa na z, kikapita Kilatini nacho kikabaki na z, kufika Kifaransa ndio kikageuka kuwa -iser na s yake. Waingereza walichukua maneno mengi kwa Wafaransa, kwa hiyo wengine wakaandika kama Mfaransa na wengine wakasema hapana, turudi kwenye shina. Leo magazeti na shule nyingi za Uingereza zinaandika s, Oxford wamebaki na z, na Mwingereza anayeijua historia hiyo hatakwambia z ni kosa.

Umoja wa Mataifa walifuata huo utaratibu wa Oxford. Ndio maana unaona “World Health Organization” na z lakini “World Food Programme” na -me, na “International Labour Organization” ndani ya jina moja ina u ya Kiingereza na z hapohapo. Mtu akiiangalia haraka anadhani wamechanganya. Hawajachanganya, ni utaratibu mmoja uliokamilika. OECD, lile shirika la ushirikiano wa kiuchumi la nchi tajiri, wao walichagua s, jina lao ni “Organisation”. Kwa hiyo kila shirika lina uamuzi wake na jina la shirika ni kama jina la mtu, ukikutana na mtu anaitwa Asha hujiamulii kumwandika Aisha kwa vile ndivyo unavyopenda wewe.

Lakini msimamizi wako kuna mahali yuko sahihi kabisa na usibishane naye. “Labor”, “program” kwa maana ya mpango, na “analyzed”, hizo ni za Kimarekani kweli. Hiyo “analyse” wengi inawashika. Haina kile kiambishi cha Kigiriki nilichosema, z ya pale haina shina, neno lenyewe limetoka kwenye “analysis”, kwa hiyo hata Oxford wanaopenda z kuliko wote wanaandika “analyse”. Na kuna maneno ambayo ni s tu dunia nzima, Mmarekani na Mwingereza wote sawa: “advise”, “supervise”, “revise”, “exercise”, “comprise”, “surprise”. Ukimwona mtu kaandika “supervize” ujue kajitungia.

Muulize tu msimamizi swali moja kwa adabu: mwongozo wa chuo unasema “British spelling” basi, au unasema na kuhusu s na z? Ukijua hilo kazi inakuwa nyepesi.

---

Mzee_wa_Gerezani

Binti sikiliza, mimi sio mtu wa lugha, nilikuwa serikalini mpaka nimestaafu. Sisi tulirithi makaratasi ya Mwingereza, barua zetu zote “labour”, “defence”, “centre”, “cheque”, na hata leo ukienda wizarani ndivyo zinavyoandikwa. Msimamizi kasema s, weka s. Habari za Ugiriki atakuja kuzisoma akishapata cheti chake. Mwanafunzi mwenye wiki mbili hana muda wa kesi.

---

Mwl_Kisauni

Hamjambo nyote. Mzee nakuheshimu na kuhusu hizo wiki mbili nakubaliana nawe, lakini aliuliza pia nani anaamua, na hilo swali ni zuri, halifai kupitwa hivi hivi.

Mimi nafunza Kiingereza sekondari huku Mombasa. Miaka kadhaa nyuma kulikuwa na kijana wa form two, alikuwa anaandika “color” na “honor” kila insha, na mimi kila insha namkata nusu maki. Siku moja akaja mezani kwangu na daftari, akaniuliza, mwalimu, kama “humour” lazima iwe na u, mbona “humorous” haina? Na “labour”, mbona “laborious” haina? “Honour” mbona “honorary” haina? Nikamwambia nitamjibu kesho. Nilienda nyumbani sina jibu, na nilikuwa nimefunza somo hilo miaka kumi na miwili.

Jibu nililolipata ni kwamba Kilatini ni “color”, “honor”, “labor”, hakuna u. Ile u imeingia kwa njia ya Kifaransa cha wale Wanormani waliotawala Uingereza. Zile zenye -orous na -orary zikafuata Kilatini kwa karibu zaidi. Na kwa karne nyingi Waingereza wenyewe waliandika vyote viwili bila wasiwasi, ukifungua ile juzuu ya kwanza ya tamthilia za Shakespeare iliyochapwa London 1623 unakuta “honor” na “honour” zote zimo. Marekani haikuwepo kama nchi! Kwa hiyo anayesema Wamarekani “walikata” u ameanza hadithi katikati.

Kilichotokea ni kwamba mwaka 1755 Samuel Johnson akatoa kamusi yake London, na yeye alipenda -our, tena aliipenda mpaka akaandika “errour” na “governour”, na pia “musick” na “publick” na k mwishoni. Kule Marekani naye Noah Webster, mwalimu wa shule kutoka Connecticut, vita vya uhuru vimeisha, yeye akaona nchi mpya haiwezi kuendelea kuagiza tahajia kutoka London. 1783 akatoa kitabu cha watoto cha kujifunza kuandika, kikauzwa kweli kweli, 1806 akatoa kamusi ndogo, 1828 ndio ile kubwa yenye maneno kama 70,000. Katika maumbo mawili yaliyokuwa yanatembea yeye aliokota lile fupi: “color”, “center”, “defense”, “public”. Hakuyatunga. Na yale aliyoyatunga au kuyasukuma kwa nguvu, kama “tung” badala ya “tongue” na “wimmen” badala ya “women”, watu waliyakataa, hata kwao Marekani hayakushika.

Nataka muone hapo. Hata Mwingereza leo haandiki “publick” wala “errour”. Alikuja kuziacha mwenyewe, na kwa hayo maneno Webster na Uingereza wakaishia mahali pamoja. Na 1906 Rais Theodore Roosevelt aliamuru mchapishaji wa serikali atumie tahajia mpya za maneno 300, Bunge likamkatalia, ikafika mwisho wa mwaka akarudi nyuma. Rais mzima! Mwenye kuamua ni watu wanaoandika na vitabu wanavyovizoea watoto.

Nikawaza na lugha yetu. Huku kwetu mtu wa Mombasa anasema “ndia”, wewe wa bara na Unguja unasema “njia”. Mkutano uliochagua Kiunguja kiwe msingi wa Kiswahili sanifu ulikaliwa hapa hapa Mombasa mwaka 1928, na “ndia” ya bibi yangu haikuwa kosa siku ile ya mkutano wala siku iliyofuata, ila tu haikuchaguliwa. Na leo bado mnaandika “jumuia” na “jumuiya”, “asante” na “ahsante”, na hakuna anayezungushia mwenzake wino.

Yule kijana nilimrudishia zile nusu maki. Nilimwambia kwenye mtihani wa taifa uandike “colour” kwa sababu ndio Kiingereza tunachotahiniwa nacho Kenya, lakini usikubali mtu akwambie ulichoandika ni ujinga.

---

fundi_wa_kodi

Mwalimu umenigusa na hiyo ya “color” maana mimi ilinilaza njaa. Nilipokuwa najifunza kutengeneza tovuti mwaka wa kwanza nilikuwa nataka kichwa cha habari kiwe cha kijani, nikaandika kwenye CSS, ile lugha ya kupangia rangi na mwonekano wa tovuti, “colour: green”, nafungua kwenye brauza maandishi meusi, narudi naangalia alama za nukta na mabano yote yapo, nabadilisha kijani naweka nyekundu, meusi, naweka namba za rangi, meusi, na kibaya CSS ikikutana na neno isilolijua hailalamiki, inaliruka tu kimya kimya, kwa hiyo huna hata ujumbe wa kosa wa kukuongoza. Mpaka adhana ya alfajiri ndio jamaa yangu mmoja kaamka kaangalia kwa nyuma ya bega langu akasema toa u. Kijani ikatokea. Na baada ya wiki moja nikarudia ujinga huohuo na “text-align: centre”.

Vitu vya kompyuta vimeandikwa Kimarekani na hakuna chuo kitakachokusaidia hapo. Isipokuwa rangi ya kijivu, hiyo wamekuhurumia, “gray” na “grey” zote zinafanya kazi.

Ila dada mwenye mada kuna kitu kimoja kinakuhusu: “program” ya kompyuta, hata Mwingereza anaandika “program”, fupi. Kwa hiyo kama kwenye sura ya tatu umesema ulichambua data kwa program fulani ya takwimu, hiyo iache. Mpango wa ruzuku ya mbolea ndio “programme”. Usije ukazibadilisha zote kwa pamoja.

---

nesi_zamu_ya_usiku

Kwetu hospitali hii sio mambo ya urembo. Nilikuwa natafuta makala za upungufu wa damu kwa wajawazito nikaandika “anaemia” kama nilivyofundishwa, kwenye kanzidata moja ndogo nikapata makala chache sana nikadhani hakuna aliyeandika. Nikajaribu “anemia”, zikamwagika. Tangu hapo natafuta mara mbili kila neno: haemoglobin na hemoglobin, diarrhoea na diarrhea, oedema na edema. Hiyo ya mwisho kwenye faharasa ya kitabu moja iko kwenye O na nyingine iko kwenye E, usipojua utasema kitabu hakina.

Hata vifupisho vinabadilika. Ule ugonjwa wa asidi kupanda kutoka tumboni Mwingereza anauita GORD, Mmarekani GERD, kwa sababu tu neno la umio huyu analianza na o na yule na e. Nimeona mwanafunzi kaandika yote mawili kwenye jalada la mgonjwa kama magonjwa mawili tofauti.

Halafu ile “foetus” ambayo watu wanaiandika kwa kujidai ni Kiingereza safi, Kilatini chenyewe ni “fetus”, ile o iliongezwa baadaye kwa kudhania. Nimeiweka tu kwa sababu inafanana na hiyo z aliyoieleza Kalamu.

Kwa hiyo dada angalia na utafutaji wako wa makala. Kama sura ya pili uliitafuta kwa “labour” peke yake, kuna watu hukuwaona.

---

binti_wa_Mbozi

Jamani nashukuruni sana nimejifunza mengi kuliko semina nzima. Lakini nimeharibu. Jana usiku kabla sijamsoma fundi nilikuwa na haraka, nikaingia kwenye Find and Replace, nikaandika pale tafuta “ize” weka “ise”, nikabonyeza badilisha zote. Ikaniambia imebadilisha mamia. Nikafurahi, nikalala.

Asubuhi nafungua ukurasa wa kwanza, kichwa cha tasnifu yangu kinasema “smallholder maise farmers”.

MAISE. Mahindi yote! Tasnifu nzima ya mahindi haina “maize” hata moja. Kuna “sample sise”, kuna “citisens”, kuna mahali nimeeleza halmashauri ilikamata mbolea bandia, “seised”. Na mamlaka ya mbolea nimeigeuza “Fertiliser”. Nikasema nirudishe, nikaandika tafuta “sise” weka “size”, ile “sample size” ikarudi vizuri, ila sasa naona “emphasise” nayo imekuwa “emphasize”. Mikono ilikuwa inatetemeka nikafunga laptopu.

---

Kalamu_ya_Risasi

Usiguse tena hilo faili. Tulia kwanza, hii haijaharibika.

Rasimu uliyomtumia msimamizi ipo kwenye barua pepe yako, kwenye zilizotumwa. Ipakue, ipe jina jipya, hiyo ndiyo utakayofanyia kazi, na hiyo yenye “maise” iweke pembeni. Usijaribu kuitibu kwa kubadilisha tena kwa mkupuo, maana ukisema urudishe “prise” iwe “prize” utapata “enterprize” na “comprize”, kila dawa inaleta ugonjwa wake. Mimi nilishawahi kufanya hivo kwenye ripoti ya watu kurasa 200, najua huo mtetemo.

Kwenye hiyo nakala safi chagua maandishi yote kwa Ctrl+A, nenda kwenye kuweka lugha ya kusahihishia, chagua Kiingereza cha Uingereza. Hapo “labor”, “color”, “analyze”, “center” zote zitapigwa mstari zenyewe. Ila jihadhari, “organize” haitapigwa mstari, kwa sababu kamusi ya Kiingereza cha Uingereza ndani ya Word inakubali s na z zote. Kwa hiyo z lazima uzitafute mwenyewe moja moja, unabonyeza Find Next, unaangalia, unaamua, unaenda mbele. Ni saa mbili tatu za kazi, jioni moja.

Sasa kwa tasnifu ya mahindi kuna maneno ambayo kompyuta haitakuonyesha, yatazame kwa macho. “Practice” ni nomino na “practise” ni kitenzi kwa Mwingereza, kwa hiyo mkulima “practises intercropping” lakini anachofanya ni “farming practices”, Mmarekani anaandika c kote. Ukungu kwenye mahindi ni “mould”. Kulima kwa jembe la ng'ombe ni “ploughing”. Umbali kati ya mistari ni “metres”, LAKINI kile kifaa cha kupima unyevu wa punje ni “moisture meter”, hata Uingereza, chombo cha kupimia siku zote ni -er. Nimeona mtu kaandika “moisture metre” kwa bidii ya kuwa Mwingereza. “Modelling” na “labelled” l mbili, ila “enrolment” na “fulfil” Mwingereza anaweka l moja pale Mmarekani anapoweka mbili, usiulize mantiki, hapo hakuna. “Sulphur” kwenye mbolea ndio ya Kiingereza, ingawa wanakemia wa dunia walikubaliana mwaka 1990 iandikwe “sulfur”, kwa hiyo jarida la kemia litakutaka f hata kama ni la London.

Na moja ambayo sio ya herufi tu: “tonne” ni kilo 1,000. “Ton” ya Marekani ni ratili 2,000, karibu kilo 907. Na Uingereza ya zamani walikuwa na “ton” ya ratili 2,240, zaidi ya kilo 1,016. Kama umenukuu mavuno kutoka ripoti ya Kimarekani angalia wanasema tani ipi kabla hujaandika “tonne”, maana hapo utakuwa umebadilisha namba na sio tahajia.

Majina ya mashirika acha kama wenyewe wanavyoandika. CIMMYT wa mahindi na ngano, makao yao Mexico, ni “Center”. ICRAF wa miti na kilimo pale Nairobi, kwa jina lao la zamani, walikuwa “Centre”. KALRO wa utafiti wa kilimo na mifugo Kenya ni “Organization”. Nukuu za watu acha. Na vichwa vya makala kwenye marejeo ACHA, hapo ndipo msimamizi wako alizidisha kalamu, na umweleze kwa upole kwamba msomaji atakayetafuta hiyo makala ataitafuta kwa herufi alizoandika mwandishi, ukimwekea u ambayo haikuwepo hataipata.

---

Toka_Bukavu

Mimi nilisomea Bukavu kwa Kifaransa mpaka chuo, saa hii niko Kanada nafanya kazi karakana ya magari. Nilipoanza Kiingereza nikiwa mkubwa nilishangaa watu wanasema “centre” na “programme” ni ngumu, kwangu yalikuwa maneno ya nyumbani, ni Kifaransa kitupu. Mwalimu mmoja Mmarekani akanifuta, nikaandika “center”. Nikavuka mpaka kuja Kanada wakanifuta tena, rudisha “centre”.

Hapa Kanada wameshika nusu kwa nusu na wanaona sawa tu. “Colour” na u, “centre”, “cheque”, lakini “realize” na z, na tairi ni “tire” kama Marekani, Mwingereza anasema “tyre”. Mabango ya karakana unakuta “Tire Centre”, neno la kwanza la Marekani neno la pili la Uingereza, na kila mteja anasoma anaingia. Mwanangu yuko darasa la nne, ile siku ya dictée, yaani imla, aliandika “tyre” kwa sababu alimsikia mjomba wake wa Nairobi kwenye WhatsApp akimsahihisha, akapewa kosa, akalia. Nilienda shuleni kuzungumza na mwalimu. Nilimwambia haikuwa kosa, ni ya nchi nyingine, na mwalimu alikubali akamwandikia mtoto alama pembeni. Hilo lilinigusa sana.

---

Mzee_wa_Gerezani

Nimesoma yote. Hilo la marejeo sikulijua, na ningekuwa mimi ningembadilishia yote mpaka huko mwisho. Asante Kalamu. Binti rudi utuambie.

---

binti_wa_Mbozi

Nimerudi. Nimetumia jioni mbili, sio moja, z zilikuwa nyingi kuliko nilivyodhani. Leo asubuhi nilienda ofisini kwa msimamizi na karatasi moja nimeandika niliyobadilisha na niliyoacha na sababu. Nilikuwa naogopa kweli kumwambia kuhusu marejeo. Alisoma kimya, akafungua rasimu ya zamani akanionyesha ukurasa mmoja, mstari wa juu nimeandika “organise”, mistari minne chini “organize”, na kwenye jedwali “organisation”. Akaniambia hicho ndicho kilichomuudhi, akaanza kuzungushia, na akishaanza hakuweza kuacha. Mwongozo wa chuo kumbe unasema Kiingereza cha Uingereza basi, s au z hausemi. Tumekubaliana s kote kwenye maneno yangu, majina na nukuu na marejeo yabaki, na “maize” imerudi mahali pake.

Zimebaki siku nne. Swali la mwisho na naahidi ni la mwisho: kwenye sura ya nne nina asilimia nyingi mno, mahali pengine “percent” mahali pengine “per cent”. Nishike ipi?

---

Kalamu_ya_Risasi

Mwingereza maneno mawili, “per cent”. Mmarekani neno moja. Kwenye majedwali na mabano weka alama % tu. Na “percentage” ni neno moja kwa wote, hiyo usiikate.